Mama yuko nyumbani chini ya tiba shufaa, muuguzi amesema tuhesabu siku. Tumuage vipi?

Mzigua wa Korogwe (ameanzisha mada, Jumanne)

Shikamooni wakubwa, na wengine habari za humu.

Naomba msaada kwa wanaoijua tiba shufaa, yaani ya kumtuliza mgonjwa asiyeweza kupona tena. Mama ana miaka 58, saratani ya mlango wa kizazi, hatua ya nne. Mionzi ilishafika mwisho wake, yuko nyumbani, na muuguzi wa tiba shufaa anakuja mara mbili kwa wiki. Anatumia mofini ya maji, dawa kali ya maumivu, mililita 10 kila baada ya saa nne, ile chupa iliyoandikwa 5mg/5ml. Kuanzia juzi analala muda mwingi, mkojo umekuwa haba na mweusi, na akisinzia mikono inashtukashtuka. Jana muuguzi katuita pembeni akasema tuhesabu siku, si wiki.

Hapa nyumbani sisi ni Waislamu, na tumegawanyika. Wajomba hawataki mama aambiwe. Wengine wanasema arudishwe hospitali atundikiwe dripu maana hali wala hanywi. Dada yuko Muscat, tiketi yake ni ya Jumamosi. Kuna mjukuu wa miaka 7 aliyelelewa na bibi yake, hatujui aingizwe chumbani au apelekwe kwa shangazi. Na kuna harufu; watu wanakuja, wanakaa mlangoni, wanaondoka.

Pole zenu nazipokea, lakini ninachohitaji hasa ni mambo ya kufanya. Tunaanzia wapi?

---

Sista Wodi Saba

Pole sana ndugu yangu. Nitaanza na dawa, kisha nije kwenye kuagana, kwa sababu mgonjwa mwenye maumivu, au aliyezidiwa na dawa, haagani na mtu.

Huko kushtukashtuka kwa mikono pamoja na mkojo kupungua, mpigie muuguzi leo hii. Usisubiri siku yake ya kuja. Saratani ya mlango wa kizazi ikisambaa hubana mirija inayoshusha mkojo kutoka kwenye figo kwenda kwenye kibofu. Mkojo ukikosa njia figo zinafeli, na mofini hutolewa mwilini kwa njia ya figo. Kwa hiyo dozi iliyomfaa wiki iliyopita sasa inajikusanya mwilini: usingizi mzito, misuli kushtuka, wakati mwingine kuona vitu ambavyo havipo. Muuguzi au daktari atapunguza kiasi, au atatenganisha dozi ziwe kila baada ya saa sita au nane, au abadili dawa. Msiikate wenyewe ghafla. Maumivu yatarudi yote kwa mkupuo, na mwili uliozoea mofini ukiikosa ghafla hutoka jasho, hutetemeka na kuhara. Na kama mlifundishwa kumpa dozi mara mbili saa nne usiku ili asiamshwe saa nane usiku, muulizeni kama mwendelee. Kwa mwenye figo zilizofeli hilo kwa kawaida huachwa.

Kingine, muulize mtafanyaje akishindwa kumeza, maana siku hiyo iko karibu. Mililita 10 ni nyingi kwa mtu anayepaliwa. Kuna mofini nzito zaidi, 50mg/5ml, ambayo miligramu 10 inakuwa mililita 1 tu. Unaiweka kwa sirinji isiyo na sindano ndani ya shavu, matone machache machache, kichwa kikiwa kimeinuliwa. Hatari yake ni moja na ni kubwa: chupa hizo mbili zinatofautiana nguvu mara kumi. Ikija mpya, ya zamani itoke chumbani kabisa, na juu ya mpya andika kwa kalamu nene kiasi na saa. Anayepima dawa awe mtu mmoja kwa zamu, aandike daftarini kila anapotoa. Makosa mengi ya nyumbani hutokea saa nane usiku, mtu mmoja anatoka zamu na mwingine anaingia, wote wawili wanampa.

Dripu: msimpeleke kwa ajili hiyo. Figo hazitoi maji, kwa hiyo maji mtakayomwongezea yatakwenda miguuni na mapafuni, na ule mkoromo wa kooni wa mtu anayekata roho utakuwa mkubwa zaidi. Hali chakula kwa sababu mwili unafunga kazi, haufi kwa sababu hali. Hili walezi wengi hawalikubali, hasa akina mama, kwa kuwa kwetu kumlisha mtu ndiyo kumpenda. Wapeni kazi nyingine: kinywa. Kiu ya mtu aliye mwishoni iko mdomoni, haiko tumboni. Chemsheni maji, yapoe, glasi moja mtie chumvi kidogo sana. Funga kitambaa laini au gozi kwenye kidole, chovya, kamua, pangusa ulimi, fizi na ndani ya mashavu kila baada ya saa mbili. Midomo paka mafuta ya mgando. Maji ya kijiko acheni mara tu mnapoona anakohoa akimeza.

Harufu inatibika, na msipoitibu hakuna atakayekaa naye karibu kiasi cha kusema chochote cha maana. Inatokana na bakteria wanaoishi kwenye nyama iliyokufa ya kidonda cha saratani. Ponda vidonge vya metronidazole, dawa ya kuua bakteria, mpaka viwe unga laini, nyunyiza juu ya jeraha kila unapolisafisha kwa maji ya chumvi, na juu ya pedi kila inapobadilishwa. Kama kidonda kiko ndani, muuguzi atawaelekeza kuvitia ukeni. Pedi au vitambaa vibadilishwe mara nyingi, vitolewe chumbani papo hapo. Chini ya kitanda weka sinia la makaa ya mkaa makavu, yasiyowashwa, yanavuta harufu. Dirisha wazi. Udi mkali na marashi achaneni navyo: harufu mbili zikichanganyika mgonjwa anatapika, na wageni wanajua mnaficha nini.

Sasa kuambiwa. Wajomba wana nia njema, ila mgonjwa anajua. Mtu anayeona kaka yake kafunga duka Handeni siku ya mnada kaja kukaa naye, hahitaji cheti. Mnachomnyima mkinyamaza ni nafasi ya kusema ya kwake. Lakini pia msimwendee na hotuba. Mtu mmoja anayemwamini akae, awe usawa wa macho yake, aulize: "Mama, wewe unauonaje huu ugonjwa?" Kisha anyamaze. Anyamaze kweli, hata dakika nzima. Akisema "nachoka tu, nitapona", muulize kama kuna jambo linalomsumbua, mwache hapo. Akisema "wewe unaonaje?" huo ni mlango, jibu kweli kwa maneno mafupi: "Mama, dawa za kuuondoa zimekwisha. Zilizobaki ni za kukutuliza, na hatutoki hapa." Akisema yeye mwenyewe safari imekaribia, msimkatize kwa "usiseme hivyo, utapona". Neno hilo hufunga mazungumzo kuliko jingine lolote, na huwa halirudiwi.

Wakati wake ni asubuhi, au saa moja hivi baada ya dozi, maumivu yakiwa yametulia. Dakika kumi zinatosha. Wengi hungojea saa ya mwisho ndipo waseme, na saa ya mwisho hakuna wa kumjibu. Agana kidogo kidogo kuanzia leo, mtu mmoja mmoja, na kila anayetoka hata kwenda sokoni aage kama anaondoka. Wagonjwa wengi hukata roho pale aliyekuwa akiwauguza ametoka kidogo kwenda msalani. Mkishaagana mapema hilo halitamtesa mtu.

---

Ustadh wa Kisosora

Assalaam alaykum. Allah amfanyie wepesi mama yetu.

Sista kamaliza ya tiba, mimi niongeze ya kwetu. Kwa vile nyumba ni ya Kiislamu, kuagana kuna jina lake, ni kuombana radhi, na hapa ndipo pa kuanzia badala ya kubishana aambiwe au asiambiwe. Hakuna mjomba atakayekataza mtoto kumwomba mama yake radhi. Kaa upande wake, shika mkono, sema kwa sauti ya kawaida: "Mama, yote niliyokukosea, uliyoyajua na usiyoyajua, niwie radhi." Taja moja au mawili yenye ukweli kama yapo, lakini usifungue kesi ya zamani uliyokuwa ukitaka kuishinda. Akijibu kwa kichwa au kwa kubana mkono, limetosha. Halafu na wewe umwambie umemsamehe. Wazee huwa wanabeba mambo: mtoto aliyeolewa bila kuulizwa, ada iliyokosekana. Wanaogopa kuomba msamaha kwa watoto wao, kwa hiyo mfungulieni njia nyie.

Wageni vilevile. Jirani aliyekosana naye mleteni sasa, wawili wawili, si kundi. Wekeni mtu mmoja mlangoni mwenye heshima na uso mkavu kidogo, wa kuwaambia watu "dakika tano" na wakamsikia. Anayetaka kulia kwa sauti alie uani.

Talqini, yaani kumkumbusha shahada anayekata roho, ina adabu zake, na watu wengi huikosea. Asiamrishwe "sema! sema!". Mtu mmoja karibu na sikio lake aitamke La ilaha illallah kwa upole ili aikumbuke. Akishaitamka, nyamaza, usirudie isipokuwa akizungumza neno jingine baada ya hapo, ili hilo liwe la mwisho. Wanazuoni wamependekeza anayelakinia asiwe mrithi anayeweza kudhaniwa vibaya. Mtafuteni mtu ambaye mama anampenda. Yasini isomwe kwa sauti ya chini, msomaji mmoja. Redio na simu zenye kisomo cha juu saa ishirini na nne zinamchosha mgonjwa, na watu wanaanza kuongea juu yake.

Kibla kwetu Tanga yote ni karibu kaskazini moja kwa moja, maana Makka iko karibu kwenye mstari uleule wa longitudo. Alazwe kwa ubavu wa kulia uso ukielekea huko. Kama ubavu unamuuma, alale chali, miguu ielekee kibla na kichwa kiinuliwe kwa mto. Kama hilo nalo linamuuma, aachwe alivyo. Matone mawili matatu ya maji kwa pamba mdomoni ni katika sunna za wakati huo na yanaafikiana na alivyosema Sista, glasi hapana.

---

Chapakazi

Nasema ukweli hata kama mtachukia. Hiyo mofini ndiyo inayowamaliza. Wagonjwa wengi wanapewa kijiko cha usiku, asubuhi hawapo. Mimi ningemwachia panado na maombi.

---

Sista Wodi Saba

Chapakazi, mgonjwa anayepewa dawa kila baada ya saa nne hadi mwisho lazima mojawapo iwe ya mwisho. Ingekuwa panado tungesema panado ndiyo iliyoua. Mofini iliyoanzishwa kwa kiasi kidogo na kupandishwa taratibu kwa kufuata maumivu haimfupishii mtu maisha. Ndiyo maana Uganda, ambako shirika la tiba shufaa la Hospice Africa Uganda lilianza kazi mwaka 1993, iliruhusu kisheria hata wauguzi waliosomea tiba shufaa kuiandika, na mofini ya maji ikafika vijijini.

Hofu yako ina pa kusimama sehemu moja tu, nayo nimeieleza juu: figo zikifeli kiasi lazima kibadilishwe. Dalili za kuzidiwa ni mboni za macho kuwa ndogo kama ncha ya sindano, pumzi chini ya nane kwa dakika, na kutoamka hata ukimtikisa bega. Hesabu pumzi kwa dakika nzima kwa saa yenye mshale, usikadirie. Ukiona hivyo, zuia dozi inayofuata, piga simu.

Kufa kwenyewe kunaonekana tofauti, na wote humo ndani wazijue dalili ili asitokee mtu kukimbilia bodaboda usiku. Mabadiliko mkiyaona wiki kwa wiki, zimebaki wiki. Siku kwa siku, zimebaki siku. Saa kwa saa, mwiteni kila aliye karibu. Miguu na magoti vinapoa. Vitabu vingi vinasema ngozi inakuwa na mabaka ya zambarau, lakini kwa ngozi zetu angalia kucha, midomo, viganja na nyayo. Ndiko rangi inakobadilika. Pumzi zinakuja nzito kadhaa, zinapungua, kisha kimya cha sekunde 20 au hata 30, halafu zinaanza tena. Macho nusu wazi. Mkoromo kooni ni mate ambayo hawezi kuyameza. Unawaumiza wanaousikia kuliko yeye. Mgeuzeni ubavu, inueni kichwa kidogo, muuguzi anaweza kuchoma sindano ya hyoscine kuukausha. Msiingize kitu kooni kuyatoa.

Jambo moja kwa saratani hii ambalo si zuri kulitaja ila ni vibaya zaidi kutolijua: damu inaweza kutoka nyingi ghafla. Wekeni chini ya mto kanga mbili tatu nyeusi au za rangi ya zambarau iliyoiva, na shuka la rangi hiyohiyo. Damu juu ya shuka jeupe inawatia wazimu watu wote chumbani, na mgonjwa anaiona. Ikitokea, mmoja afunike na kukandamiza, mwingine ashike mkono wake na kuongea naye kwa utulivu, watoto watolewe. Muulizeni muuguzi mapema dozi ya ziada ya kumtuliza kwa saa hiyo ni kiasi gani, iandikwe kwenye daftari.

---

Mwalimu wa Malezi

Kuhusu mjukuu: asipelekwe kwa shangazi. Mtoto wa miaka 7 anayeondolewa halafu anarudi anakuta turubai na bibi hayupo, huanza kuwaza kwamba kila akiondoka mtu anakufa.

Mwambieni ukweli kwa maneno ya umri wake: "Bibi anaumwa sana. Mwili wake hauwezi tena kupona. Karibu atakufa." Neno kufa litumike. Mkisema "atalala" mtoto ataogopa kulala. Mkisema "atasafiri" atasubiri arudi, na atashangaa mtu gani anasafiri bila kumuaga. Kisha mwambieni neno ambalo watoto hawaulizi lakini wanalibeba: si kosa lako, si kwa sababu ulimkasirisha bibi, na ugonjwa huu hauambukizi kwa kumshika.

Kabla ya kuingia mwelezeni atakachokiona: bibi amekonda, macho yamefumba, pumzi zina sauti, anaweza asijibu. Apewe kazi ya mikono, mfano kumpaka bibi mafuta viganjani. Dakika tano hadi kumi. Akitaka kutoka baada ya moja, atoke, na akienda kucheza mpira asikaripiwe. Watoto wa umri huo huingia kwenye huzuni na kutoka. Asilazimishwe kubusu. Mteueni mtu mzima mmoja, asiye mtoto wa mgonjwa kama inawezekana, kazi yake iwe mtoto huyo tu.

---

Mzigua wa Korogwe (Jumatano)

Nawashukuru sana. Muuguzi kaja jana hiyohiyo jioni: mofini sasa mililita 5 kila baada ya saa nane, na kaacha chupa nzito kwa baadaye. Mikono imetulia kiasi, mama asubuhi alikuwa macho. Metronidazole imesaidia kuliko nilivyotegemea.

Kaka kamuuliza lile swali la "unauonaje". Mama kajibu tumwite mjomba aje aelezwe ng'ombe wawili walioko Mombo ni wa nani. Sasa mjomba mwenyewe ndiye aliyekuwa anakataza! Maswali mawili: haya ya mali tuyaandikeje bila kuonekana tunamfukuza? Na dada wa Muscat, tupige video au la?

---

Karani wa Kata

Mama kayaanza mwenyewe, kwa hiyo hakuna anayemfukuza. Andikeni leo. Anachosema cha ng'ombe huenda wala si wosia, ni amana: mali ya mtu iliyo mikononi mwake. Gawanyeni karatasi sehemu tatu: anachodai na anachodaiwa (pamoja na kikoba na mkopo wa simu), amana za watu, na anachousia. Deni hulipwa kabla ya mirathi kugawanywa, iwe kwa sharia au vinginevyo, ndiyo maana orodha hiyo ni muhimu kuliko wosia wenyewe. Kwa Mwislamu wosia hauzidi theluthi moja ya mali iliyobaki baada ya madeni, na haumwendei mrithi isipokuwa warithi wengine waridhie. Kwa hiyo msimchoshe na kugawa nyumba kwa watoto. Hilo lina mafungu yake.

Mashahidi wawe watu wazima wasionufaika. Kwa sheria za kimila wosia wa mdomo unataka mashahidi wanne, na hata kama hamuendi kwa mila, wanne hawadhuru. Msomeeni alichosema, mumuulize kama ndivyo, atie dole gumba, mashahidi watie saini, tarehe na saa. Iandikeni saa ambayo yuko macho kabisa, na shahidi mmoja awe muuguzi akikubali. Upinzani wa kwanza mahakamani huwa "alikuwa na mofini, hakujua asemalo". Ulizeni pia kitambulisho cha NIDA kiko wapi, kadi ya benki, na majina ya wadaiwa. Namba ya siri ya simu msiitumie kuhamisha pesa baada ya kifo, hata kama ni za mazishi. Ndugu watakaowadai maelezo ni walewale waliokula ubwabwa.

Akifariki nyumbani hakuna haja ya kumkimbiza hospitali. Mpigieni muuguzi, kisha toeni taarifa kwa mwenyekiti na mtendaji ili mpate kibali cha mazishi. Kifo kisajiliwe RITA, wakala wa serikali wa usajili, ndani ya siku 30. Ikipita hapo inakuwa usajili uliochelewa wenye viambatanisho zaidi. Cheti ndicho kitafungua mirathi.

---

Sista Wodi Saba

Dada asisubiri Jumamosi. Apige leo, na kila simu ipigwe kama ya mwisho. Muscat wako mbele yetu saa moja tu, kwa hiyo pangeni saa tatu asubuhi ya huku.

Kabla ya kugeuza kamera, mtu amweleze dada kwa maneno: mama kakonda kiasi gani, macho yakoje, anapumuaje. Akiona ghafla atapiga kelele, na hicho ndicho mama atakachosikia. Aseme yeye kama anataka picha au sauti tu. Simu iwekwe kwenye mto karibu na sikio, sauti ndogo, msiiweke spika chumba kizima wakati watu kumi wanasikiliza radhi za mtu. Aanze kwa jina lake, "Mama, ni mimi fulani," kisha sentensi fupi, na anyamaze katikati. Baada ya hapo arekodi ujumbe wa sauti wa dakika moja au mbili, ambao mtamchezea mama intaneti ikikatika au akiwa haamki tena.

Akiwa haamki endeleeni kuongea naye. Utafiti wa Chuo Kikuu cha British Columbia nchini Kanada, uliochapishwa mwaka 2020, ulipima mawimbi ya ubongo ya wagonjwa wa hospisi, wanaotunzwa wakikaribia kufa, walioacha kuitikia, na baadhi yao ubongo ulikuwa bado unaitikia sauti. Haithibitishi kwamba wanaelewa maneno, ila inatosha kuwa sababu ya kutogombania ng'ombe juu ya kitanda.

---

Ustadh wa Kisosora

Na liamuliwe sasa, mama akiwa hai: akifariki kabla ya Jumamosi, dada anasubiriwa au hasubiriwi? Sunna ni kuharakisha maziko. Kusubiri saa chache kwa ajili ya jamaa wa karibu wapo wanazuoni walioruhusu madhali mwili hauharibiki, lakini kutoka Jumatano hadi Jumamosi ni jambo jingine. Dada aulizwe mwenyewe kwa simu na jibu lake liwafikie wajomba wote. Ugomvi huu ukiachwa uamuliwe msibani, huwa unadumu.

Roho ikishatoka, mfumbeni macho, mfungeni taya kwa kitambaa kilichopita chini ya kidevu hadi utosini, mnyoosheni viungo taratibu, mfunikeni mwili wote. Fanyeni mapema.

---

Sista Wodi Saba

Mwili huanza kukakamaa baada ya saa mbili hadi nne hivi, taya likiwa miongoni mwa viungo vya kwanza, kwa hiyo Ustadh yuko sahihi kusema mapema. Wanaomwosha wavae glovu na aproni ya plastiki kwa sababu ya kidonda, na waweke pamba ya kutosha na pedi safi kabla ya sanda.

Mofini itakayobaki msiimwage chooni wala kumpa jirani mwenye maumivu ya mgongo. Chupa zote mbili, hata ikibaki mililita tano, zirudishwe kwa muuguzi pamoja na daftari. Kila chupa aliyopokea anatakiwa kuitolea hesabu.